Jinsi Copán Ilivyochorwa

Katika kitabu cha safari za Amerika ya Kati alichokitoa John Lloyd Stephens mwaka 1841, mara kwa mara mwandishi hukaa kando ili mchoraji apite. Stephens alikuwa mwanasheria wa New York aliyetumwa kibalozi na Rais Martin Van Buren. Mwenzake, Frederick Catherwood, alikuwa msanifu majengo wa Kiingereza aliyekwisha kuchora magofu ya Misri. Walifika Copán, magofu ya mji wa Wamaya magharibi mwa Honduras, mwaka 1839, na huko ndiko namna yao ya kufanya kazi ilikokomaa.

Mwanzoni kazi ilimshinda Catherwood. Michongo ya Copán imechimbwa kwa kina, pambo limepandana juu ya pambo, na chini ya kivuli cha msitu jicho halitambui uso wa mfalme unaishia wapi na kilemba chake kinaanzia wapi. Stephens anasimulia alivyomkuta amesimama kwenye tope, glavu mikononi kujikinga na mbu, na michoro ya kwanza haimridhishi hata kidogo.

Dawa ya kwanza ilikuwa panga. Miti ilikatwa kuzunguka kila nguzo ya jiwe iliyochongwa ili jua lipige michongo kwa ubavu, maana bila kivuli chake mchongo hausomeki. Ya pili ilikuwa kamera lusida, kioo kidogo chenye pande kadhaa kinachofungwa kwenye kijiti juu ya meza. Mchoraji akichungulia ndani yake huona taswira ya nguzo imelala juu ya karatasi yake, naye huifuatisha kwa penseli. Karatasi yenyewe Catherwood aliigawa sehemu sehemu, ili vipimo visipotee.

Lakini kifaa hicho hutoa mipaka na uwiano tu. Kilichobaki ni uamuzi wa mkono, na hapo ndipo ninapomvulia kofia Catherwood: alama asizozielewa alizichora kama zilivyo, bila kuzisogeza zifanane na kitu anachokijua. Jean-Frédéric Waldeck, aliyemtangulia Palenque, magofu mengine ya Wamaya, aliona vichwa vya tembo ndani ya maandishi ya Wamaya, akavichora waziwazi. Tembo wenyewe hawakuwapo.

Kalamu ya Stephens ilifuata adabu ileile. Chukua madhabahu ya mraba iliyozungukwa na watu kumi na sita, wanne kila upande. Anaieleza sura yake kwanza, kisha anakisia kwamba alama aliyokalia kila mmoja huenda ni jina na cheo chake. Hakuwa na uwezo wa kusoma hata alama moja. Zaidi ya karne moja baadaye, maandishi hayo yalipoanza kusomeka, ilibainika kuwa hao ni wafalme kumi na sita wa Copán, wengi wao wameketi juu ya majina yao, na mwanzilishi wa ukoo anamkabidhi madaraka wa kumi na sita, Yax Pasaj. Stephens aliona pia kwamba alama za Copán na za Palenque ni za mwandiko mmoja. Wakati wasomi wa Ulaya wakiyatafutia magofu hayo wajenzi kutoka Misri au ng'ambo nyingine, yeye alisema yalijengwa na mababu wa watu wa hukohuko.

Basi mtu angetarajia awasikilize watu hao. Wapi! Waliokata miti na kubeba mizigo wanapita kurasani karibu bila majina, na aghalabu wanatajwa pale wanapochelewesha kazi. Kila jiwe lilipimwa kwa subira ya siku nzima, ilhali jirani wa jiwe alitosheka na sentensi moja ya haraka, tena yenye dharau. Huo ndio upungufu mkubwa wa kitabu, na uandishi wa safari uliofuata uliurithi pamoja na uzuri wake.

Hata umiliki aliushughulikia kwa mtindo huohuo. Alivaa koti lake la kibalozi lenye vifungo vya kung'aa, akanunua magofu ya Copán kwa dola 50, akikusudia kuyahamishia New York. Hayakwenda. Mbao zilizochongwa alizozitoa Yucatán katika safari ya pili ndizo zilizofika huko, na zikateketea kwa moto Julai 1842.