Kaburi Tupu

Mkristo akisikia maneno "kaburi tupu" huwaza asubuhi ya Pasaka. Ndiyo maana jina la filamu The Empty Grave, ya mwaka 2024, lilitushtua. Waongozaji wake ni Cece Mlay wa Tanzania na Agnes Lisa Wegner wa Ujerumani, na kaburi wanalolizungumzia ni la Nduna Songea Mbano, aliyenyongwa na Wajerumani mwaka 1906 katika Vita vya Majimaji. Ukoo wake bado unatafuta kichwa chake, ambacho wanaamini kilipelekwa Ujerumani. Filamu inaufuata pia ukoo wa Mangi Lobulu wa Meru, aliyenyongwa mwaka 1900, nao wakitafuta mabaki ya mzee wao.

Nguvu ya filamu hii ni kwamba haitafuti kutuonyesha mapigano. Vita tunaviona katika nyuso za vitukuu, wanaobeba msiba ambao haujaisha kwa sababu matanga hayajaanuliwa. Tulimkumbuka Rispa, binti Aya, katika Kitabu cha Pili cha Samweli: alitandika gunia juu ya mwamba akawafukuza ndege na wanyama wasiiguse miili ya wanawe, tangu mavuno hadi mvua ziliponyesha. Mfalme Daudi alipopata habari zake, ndipo mifupa ya Sauli na Yonathani ilipokusanywa ikazikwa.

Hata hivyo tuna neno moja na filamu hii. Inawafuata wenye majina. Huku kwetu Wambunga na Wapogoro waliivamia boma ya Mahenge tarehe 30 Agosti 1905, wakapigwa kwa bunduki za rashasha. Lakini waliouawa kwa risasi walikuwa wachache kuliko waliokufa kwa njaa, baada ya jeshi la Wajerumani kuchoma mashamba na maghala. Wanahistoria hukadiria vifo vyote vya vita hivyo kati ya 75,000 na 300,000. Mtoto aliyekufa njaa porini hakuhifadhiwa kwenye sanduku la makumbusho, na kamera haina mlango wa kumbishia hodi.

Lawama hiyo, tukisema kweli, inaturudia sisi. Askofu Cassian Spiss na watawa wanne waliouawa pamoja naye Agosti 1905 tunawajua kwa majina, na ni haki. Waliokufa njaa katika bonde hili wengi hawakuwa wamebatizwa. Je, ndiyo sababu hatujawahi kuwatolea nia ya Misa?

Tarehe 1 Novemba 2023 Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alifika Songea akaomba msamaha. Kesho yake ilikuwa Siku ya Marehemu Wote. Tulipeleka bahasha zetu altareni kama kila mwaka, zikiwa na majina ya babu, bibi, wajomba na mashangazi. Hakuna bahasha iliyoandikwa wale wa mwaka 1906.