Maisaka na Masaki

Iondolee Maisaka "a" moja, kisha ichukue "i" uipeleke mwisho: utapata Masaki. Kwenye karatasi ni kazi ya kalamu tu. Kwa basi, kutoka Maisaka yetu ya Babati hadi Dar es Salaam, iliko Masaki, ni safari ya kutwa, na hata ukishashuka, Masaki bado iko mbali. Huko wanakaa wenye nacho. Kijana wa kwetu akifika huko, mara nyingi anafika kulinda geti.

Nililiwaza hilo juzi kwenye banda la fundi pikipiki hapa Maisaka. Mlima Kwaraa ulikuwa umejitanda wingu, na redio ikaanza kupiga "Sauti ya Mnyonge" ya Remmy Ongala. Wimbo ule ni malalamiko ya mtu asiyesikika mbele ya mwenye pesa. Fundi akaweka spana chini. Nilidhani atahuzunika, akaanza kutikisa mabega. Wimbo wa shida unamchezeshaje mwenye shida?

Remmy alizaliwa Kindu, Kongo, mwaka 1947. Aliingia Dar es Salaam mwaka 1978 kupigia Orchestra Makassy, baadaye akawa kinara wa bendi ya Matimila. Katika dansi la enzi hizo wanamuziki wengi hawakumiliki hata vyombo walivyopiga. Gitaa lilikuwa mali ya shirika, chama au mfanyabiashara, na mpigaji alikuwa mwajiriwa anayesubiri mwisho wa mwezi. Unyonge waliouimba waliushika mkononi kila usiku. Remmy hakuwa na haja ya kwenda kuutafuta uswahilini ili autungie wimbo, alikaa humohumo.

Sikiliza basi magitaa yake. Solo linadokoa, rithimu inaitikia, besi inatembea chini taratibu kama mtu arudiye kwao. Hakuna anayemmeza mwenzake. Juu yao Remmy haringi kwa sauti. Anazungumza, karibu kama mzee kwenye kikao, kwa Kiswahili cha sokoni chenye lafudhi ya Kongo. Analeta neno, anayaachia magitaa, kisha analirudia tena, na safari hii lina uzito zaidi. Lalamiko likipata nafasi ya kupumua hugeuka hoja. Hadi wimbo unapochemka, msikilizaji ameshaelewa kosa si lake, na mabega yamekuwa mepesi.

Wapo watunzi wanaomwimba maskini kwa kumlilia, na wapo wanaomhubiria avumilie. Wote wawili wanamwacha ameketi. Remmy alimsimamisha, na mtu anayecheza haombi. Nadhani ndiyo sababu kazi hii ilivuka bahari bila kupoteza nguvu: mwaka 1989 kampuni ya Real World ya Uingereza ilitoa albamu yake, "Songs for the Poor Man", na wimbo ule umo. Jina la albamu liliwataja maskini waziwazi, huku magitaa yakiwaita watu wote uwanjani.

Remmy alifariki Desemba 2010. Waswahili tunasema mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Haki yake utaikuta Sinza, hukohuko Dar es Salaam lakini mbali na mageti ya Masaki: kuna kituo cha daladala kinaitwa Kwa Remmy, na makondakta hulitangaza jina hilo tangu alfajiri hadi usiku.