Ushuhuda Usiosubiri Mtu Atakate: Kusoma Kitabu cha Leymah Gbowee

Ushuhuda wa kanisani kwetu una umbo lake, na kila msharika analijua hata kama hajafundishwa. Mtu anasimama, anasalimu kwa Bwana asifiwe, kisha anaeleza alivyokuwa zamani: pombe, waganga, ugomvi wa nyumbani. Halafu inakuja siku moja, mara nyingi na tarehe yake, Yesu akamkuta. Kuanzia siku hiyo hadithi inanyooka kama barabara ya lami. Umbo hili lilienezwa sana na uamsho uliowaka Gahini, Rwanda, katika miaka ya 1930 ukapita Uganda na Kenya hadi Tanganyika, na wana uamsho walilipata kwa Paulo njiani Dameski. Limewafaa wengi, nami nimewasikia watu wakiokoka kwa kuwasikia wengine. Silibezi. Ila lina sharti moja ambalo hatulisemi waziwazi: mtu amalize kwanza habari ya dhambi zake, ndipo aanze habari ya utumishi wake. Vitabu vingi vya maisha ya watumishi wa Mungu na watetezi wa haki vimeandikwa chini ya sharti hilo, na ndiyo maana vingi vyao vinafanana.

Kitabu ninachokichambua hapa kinalivunja. Leymah Gbowee, Mlutheri wa Liberia, alichapisha Mighty Be Our Powers mnamo Septemba 2011, wiki chache kabla ya kutangazwa kuwa atapewa Tuzo ya Nobel ya Amani pamoja na Ellen Johnson Sirleaf na Tawakkol Karman wa Yemen. Kimeandikwa kwa Kiingereza, kwa msaada wa mwandishi wa habari wa Marekani, Carol Mithers. Wengi wetu tulimjua kwanza kwa filamu ya mwaka 2008, Pray the Devil Back to Hell, iliyoongozwa na Gini Reticker. Filamu ile inastahili sifa zake. Inaonyesha wanawake wa Monrovia waliovaa nyeupe, wameketi kiwanja cha soko la samaki juani na mvuani, wakidai vita viishe. Katika filamu Gbowee ni kiongozi asiyetikisika. Kitabu kinatuambia huyu kiongozi alikuwa nani jioni akifika nyumbani, na hapo ndipo msomaji wa kanisa anapoanza kusogea-sogea kwenye kiti.

Vita vilipoanza Desemba 1989 alikuwa na miaka 17, binti aliyemaliza shule na kujiona ulimwengu ni wake. Mwaka uliofuata vilifika mjini. Usiku wa tarehe 29 Julai 1990 askari wa serikali ya Samuel Doe waliingia katika Kanisa la Kilutheri la Mtakatifu Petro mjini Monrovia, walimokimbilia raia, wakaua watu wapatao 600. Kanisa hilo halikuwa la wageni kwake. Mama yake alikuwa kiongozi wa wanawake pale, na yeye mwenyewe alikulia ujana wake humo. Nataka msomaji akumbuke jambo hili, kwa sababu miaka minane baadaye ni katika eneo la kanisa hilohilo alipoanza kujitolea katika mpango wa Walutheri wa kuponya majeraha ya vita na kupatanisha watu, akikaa na vijana waliopigana wakiwa watoto. Aliyewahi kuingia kuhubiri katika kanisa ambamo damu ilimwagika anajua kuta zake husema kabla ya mhubiri.

Katikati ya hapo kuna miaka ambayo kitabu kinaisimulia bila kuipamba. Aliishi na mwanamume aliyempiga. Walikwenda Ghana wakawa kama wakimbizi wasio na makao, wakikaribia kufa njaa. Alijifungua huko, na kwa kuwa hakuwa na pesa ya kulipa hospitali alilala na kichanga kwenye ujia wa hospitali. Alirudi Liberia na watoto kwa basi, safari ya zaidi ya wiki moja, kwa nauli ya mkopo, maana hakuwa na senti. Kurasa hizi ni bora kuliko zote katika sehemu ya kwanza. Hakuna mahali anapotuambia kwamba Mungu alikuwa akimwandaa. Mwandishi mwingine angeweka hapo aya ya mafundisho: tanuru, dhahabu, mfinyanzi na udongo. Gbowee anaacha njaa iwe njaa.

Halafu ndoto. Ni mwaka 2002, amelala ofisini kama alivyozoea, na katika ndoto anaambiwa awakusanye wanawake wa kanisa waombee amani. Hapa ndipo moyo wa kitabu ulipo, nami nimewasomesha wanafunzi wangu wa chuo sura hii kila mwaka kwa miaka kadhaa sasa. Anachofanya Gbowee baada ya kuamka ni kumtafuta mwenye ndoto. Anaamini kabisa kwamba ujumbe umepotea njia, umefika kwa mtu asiyehusika. Yeye anaishi na mwanamume ambaye hawajafunga ndoa. Yeye anakunywa. Ndoto kama hii ni ya mama fulani anayefunga na kuomba, na kazi yake yeye ni kuifikisha tu. Wenzake katika maombi ndio wanaomwambia kuwa ndoto haikukosea nyumba.

Wanafunzi hukimbilia Musa hapa, yule aliyedai hajui kusema, au Isaya na midomo yake michafu. Ni sawa, lakini hawajafika. Isaya aliguswa kwa kaa la moto kabla ya kutumwa. Katika kitabu hiki kaa halionekani. Gbowee anawakusanya wanawake akiwa vilevile alivyokuwa. Anaomba, anaandamana, anaonana na Charles Taylor mwenyewe Aprili 2003 kumkabidhi madai ya wanawake, na katika muda wote huo hakuna ukurasa unaotangaza kwamba sasa ametakata. Zaidi ya hayo, pombe ilizidi kadiri kazi ilivyozidi. Mwanafunzi mmoja aliniuliza kwa hasira kidogo: sasa mchungaji, aliokoka lini? Swali lake ni zuri na nadhani kitabu kinalikataa.

Sisi Walutheri tuna jina la hali hii. Tunafundisha kwamba Mkristo ni mwenye haki na mwenye dhambi kwa wakati mmoja. Katika Katekisimo Ndogo Luther anaueleza ubatizo kama jambo la kila siku, la mtu wa kale kuzamishwa tena na tena hadi tunapokufa. Tunaliuliza katika mtihani wa kipaimara na watoto wanalijibu vizuri. Lakini tukija kwenye maisha ya watu tunalisahau, tunaomba hadithi yenye zamani na sasa. Katika sharika nyingi binti aliyepata mimba nje ya ndoa huwekwa chini ya nidhamu ya kanisa, hazogei Meza ya Bwana, haimbi kwaya, hadi siku ya kurudishwa kundini. Nafahamu sababu za desturi hiyo na sitaki kuiondoa kwa insha moja. Nauliza swali la mhakiki tu: kama Gbowee angekuwa mama katika usharika wetu mwaka 2002, akaja ofisini kwa mchungaji kusema ameota ndoto, tungemjibu nini? Nadhani tungemwambia arudi kundini kwanza, kisha tuione hiyo ndoto. Liberia ingesubiri.

Nisieleweke kuwa kitabu kinasifu dhambi. Hakisifu. Kinachofanya ni kukataa kupanga mambo upya ili yapendeze baada ya ushindi kupatikana. Hata Luka, aliyeweka habari ya Dameski mara tatu katika Matendo ya Mitume, hakuinyoosha ikawa moja. Katika sura ya 9, ya 22 na ya 26 maelezo yanapishana, na wataalamu wamebishana kwa karne nyingi. Mimi huona ni heshima kwa Luka kwamba hakuyasawazisha.

Sura ya Accra ndiyo watu huitaja, na inastahili. Mazungumzo ya amani yalianza Ghana tarehe 4 Juni 2003, wiki zikapita, wababe wa vita wakikaa hotelini huku Monrovia ikipigwa makombora. Mwishoni mwa Julai wanawake wakaketi mlangoni mwa ukumbi wameshikana mikono, wasiruhusu mjumbe kutoka. Walinzi walipokuja kumkamata Gbowee kwa kosa la kuzuia haki kutendeka, alianza kuvua nguo zake. Kila Mwafrika anajua maana ya mama kumvulia mwanawe nguo hadharani: ni laana isiyofutika. Walinzi walirudi nyuma. Jenerali Abdulsalami Abubakar wa Nigeria, aliyekuwa msuluhishi, akazungumza na wanawake, na mazungumzo yakapata uzito yaliyokosa kwa wiki nyingi. Taylor aliondoka nchini tarehe 11 Agosti, mkataba ukatiwa saini tarehe 18.

Wahubiri wanaolitumia tukio hili hulifanya mbinu ya kiroho, mara wamtaje Isaya aliyetembea uchi miaka mitatu kwa agizo la Bwana. Kitabu hakisemi hivyo. Gbowee anaeleza kwamba alipandwa na hasira kwa yale maneno, kuzuia haki, yakitoka kwa watu wanaolinda wauaji, na mikono ikaenda kwenye nguo. Hakukuwa na agizo wala ndoto safari hii. Napenda kwamba hakuazima unabii wa mtu kupamba ghadhabu yake. Ukisoma polepole utaona pia kwamba kilichomponya na pingu ni mila za mababu, yale yale ambayo wamisionari walituambia tuyaache mlangoni tukiingia kanisani. Yeye halisemi, lakini liko pale.

Sasa malalamiko yangu, maana kitabu si Maandiko. Kichwa chake kidogo kinaahidi kutueleza jinsi udada, sala na tendo la ndoa vilivyobadili nchi iliyo vitani. Mgomo wa unyumba ndio uliouza kitabu Ulaya na Marekani, lakini ndani yake Gbowee mwenyewe anakiri kwamba mgomo haukuzaa matunda makubwa isipokuwa kuwavuta waandishi wa habari. Basi jambo lenyewe halistahili kukaa jaladani sambamba na sala. Huo ni uchumi wa wachapishaji, na umemfanya mama aliyeketi juani miezi mingi akumbukwe na wengi kwa kichekesho.

Jambo la pili ni wanawake Waislamu. Bila wao hakuna soko la samaki, hakuna Accra. Asatu Bah Kenneth, afisa wa polisi, alisimama kanisani mbele ya Wakristo akaahidi kuwaleta Waislamu wenzake, na alifanya hivyo. Tunamwona anasimama, tunaona wanawake wakija, ila imani yao haisikiki kwa sauti yao wenyewe. Wanaomba nini? Walibishana nini na waume zao au na maimamu wao? Kwa nchi kama zetu, ambako msikiti na kanisa vinatazamana barabarani, hizo ndizo kurasa nilizozihitaji, na hazimo.

Na sehemu ya mwisho inakimbia. Mashirika yanaingia kwa vifupisho vyao, viwanja vya ndege vinafuatana, lugha ya semina inatanda. Inaishia pazuri, Liberia ikiwa na rais mwanamke. Ni Oktoba 2012, kitabu kikiwa kimeshatoka mwaka mzima, Gbowee alipojiuzulu uongozi wa tume ya upatanisho wa taifa na kumkosoa Rais Sirleaf hadharani kwa kuwapa wanawe nafasi serikalini. Mwenye kufunga kitabu kwenye ukurasa wa mwisho hataijua habari hiyo.

Katika mbio hizo za mwisho kuna kurasa chache tulivu, na mtu asizipite. Watoto wake walilelewa kwa muda mrefu na dada yake Geneva huko Ghana, wakati yeye akiwa mama wa taifa. Geneva alifariki. Gbowee anaandika bila kujitetea kwamba mtu aliyewalea wanawe hayupo tena, na wanawe wanamjua yeye kidogo. Pombe inaendelea. Siku moja mwaka 2008, baada ya sherehe ya familia na glasi kumi na nne za mvinyo, anaanguka kwa maumivu ya vidonda vya tumbo. Akiwa anaomba apelekwe hospitali anawaona watoto wamemzunguka, nyuso zimejaa hofu, na hapo anaamua kuacha. Hakuna mhubiri, hakuna kwaya, hakuna mkono ulioinuliwa. Miaka mitano imepita tangu Accra. Yule mwanafunzi aliyeniuliza aliokoka lini alirudi siku nyingine na ukurasa huu mkononi, akadhani amepata jibu. Nilimwomba asome tena sura ya ndoto, kisha aniambie kama wanawake wa soko la samaki walikuwa wakiongozwa na mtu asiyekuwa na Mungu. Bado tunalijadili.