Pango la Wanajimu: Elimu na Utawala katika Kisiwa cha Laputa

Katika sehemu ya tatu ya Gulliver's Travels, iliyotolewa mwaka 1726, Jonathan Swift anamfikisha msafiri wake Laputa, kisiwa kieleacho hewani juu ya nchi ya Balnibarbi. Wahakiki wengi wameisoma sehemu hii kama dhihaka kwa wataalamu waliozama katika hesabu hata wakahitaji mtumishi wa kuwagusa midomo na masikio kwa kibofu ndipo waseme au wasikie. Nasi tuliosomea ng'ambo tulifundishwa kuicheka hivyo hivyo. Usomaji huo si wa makosa, ila una upungufu: unapita mlangoni pa pango la wanajimu bila ya kuingia.

Pango hilo limo katikati ya kisiwa. Taa ishirini huwaka humo daima, na limejaa darubini na ala nyingine za kupimia nyota. Wanajimu wake si wajinga hata kidogo. Wameorodhesha nyota elfu kumi, na wamegundua miezi miwili inayoizunguka sayari ya Mirihi. Miezi hiyo ilikuja kuonekana kweli mwaka 1877, alipoigundua Asaph Hall huko Washington. Hapana haja ya kumfanya Swift mtabiri, kwa kuwa Johannes Kepler alikwisha kuikisia kabla yake. Linalotuhusu ni kwamba mwandishi amewapa watu hawa elimu ya kweli.

Lakini humo humo pangoni mna jiwe la sumaku, lenye urefu wa yadi sita, ambalo ndilo linaloinua kisiwa, kukishusha na kukipeleka huku na huko. Walinzi wake ni wanajimu wenyewe, nao huligeuza kama atakavyo mfalme. Mji ukiasi au ukikataa kulipa kodi, kisiwa husimamishwa juu yake, watu wakakosa jua na mvua. Wakishupaa, huporomoshewa mawe. Na adhabu ya mwisho ni kuangushiwa kisiwa chenyewe. Basi chumba cha kutazamia mbingu ndicho chumba cha kuwanyima watu mbingu. Hapa ndipo ilipo tashtiti ya Swift, nayo ni kali kuliko kichekesho cha kibofu.

Ukali huo una asili yake. Swift alizaliwa Dublin, na mwaka 1724 aliandika barua za kupinga sarafu za shaba ambazo watu wa Ireland walitwishwa na watawala wa Uingereza. Katika kisa cha mji wa Lindalino, raia wanajenga minara minne, wanaweka sumaku juu ya kila mmoja, na mfalme analazimika kukubali masharti yao. Kisa hiki kiliachwa nje ya matoleo ya kitabu hadi mwaka 1899. Waliokiacha, bila shaka, walikielewa vyema.

Hata hivyo, yako ya kumlaumu Gulliver. Anatupa vipimo vya jiwe kwa yadi, na adhabu za mfalme anazisimulia kwa sauti ile ile ya kupima. Hamwulizi mnajimu hata mmoja moyo wake ukoje anapoligeuza jiwe. Watu wa chini tunawajua kwa nyuzi tu, zile zinazoteremshwa ili wafungie maombi yao. Msomaji asipokuwa macho, naye atahesabu yadi akawasahau waliomo kivulini.

Mkulima wetu wa pwani aliitazama Kilimia ili ajue wakati wa kulima, na jina lenyewe lashuhudia. Macho yake yalikuwa juu, miguu yake shambani. Wanajimu wa Laputa hawakumshinda kwa elimu peke yake. Waliachana naye walipokubali kuushika mpini wa mfalme. Sisi tulio vyuoni, ambao taa zetu pia huwaka kwa kodi ya watu wa chini, tunapaswa kulisoma pango hili polepole, na kujiuliza ni jiwe gani tumekabidhiwa kuligeuza.