Gloria Akitazamwa kutoka Jabe: Uigizaji wa Nikita Pearl Waligwa na Suala la Lugha

Makala hii inahakiki kazi fupi ya Nikita Pearl Waligwa, mtoto wa Uganda aliyeigiza kama Gloria katika Queen of Katwe (2016), filamu ya familia ya Disney iliyoongozwa na Mira Nair. Waligwa alifariki tarehe 15 Februari 2020 kwa uvimbe wa ubongo, akiwa na umri wa miaka 15. Tangu hapo hutajwa zaidi kwa kifo chake kuliko kwa uigizaji wake. Tunadai kwamba alichokiacha ni somo, na kwamba lugha ndiyo inayolizuia kumfikia mtoto wa Jabe.

Phiona, anayeigizwa na Madina Nalwanga, anafundishwa sataranji na Gloria, aliye mdogo kwake. Waligwa hamwonei huruma mwanafunzi wake, wala hajipendekezi kwa mtazamaji. Anaeleza kwamba kete ndogo kabisa ikivuka ubao yaweza kugeuka malkia. Dhamira ya filamu nzima imewekwa kinywani mwa mtoto wa takribani miaka 10, naye anaitamka kama kanuni ya mchezo, si kama mawaidha. Hapo ndipo ulipo umahiri wake.

Hata hivyo, watoto hawa wa Katwe husemezana kwa Kiingereza karibu filamu nzima. Uamuzi huo uliifungulia filamu masoko ya mbali, lakini ukamweka kando mtoto wa jirani. Jabe ni mtaa wa Bujumbura ambamo Kiswahili ni lugha ya nyumbani na ya sokoni. Aidha, sinema ya Burundi yenyewe ilikatizwa mapema: Gito l'ingrat ya Léonce Ngabo, filamu ndefu ya kwanza ya kubuni nchini humo, ilitoka mwaka 1992, na mwaka uliofuata vita vikazuka. Tamasha la filamu la FESTICAB lilianzishwa mwaka 2009 tu. Mtoto aliyezaliwa Jabe baada ya vita ana filamu chache mno za kwao za kujitazamia. Za majirani zingemfaa, lau angezielewa.

Ujuzi wa kuziba pengo hilo upo. DJ Afro nchini Kenya na wasimulizi wa vibanda vya video mjini Kampala wamekwisha kuonyesha kwamba filamu ya kigeni yaweza kusemeshwa lugha ya mtazamaji. Tunapendekeza Kamisheni ya Kiswahili ya Afrika Mashariki ishirikiane na vituo vya televisheni kuziwekea filamu za watoto za ukanda huu sauti za Kiswahili, zisemwe na watoto wenyewe, wakiwemo wa Jabe, kwa mikataba inayolinda malipo, masomo na afya zao.

Kumkumbuka Waligwa kwa rambirambi pekee ni kumpunja. Alimfundisha Phiona kucheza. Inafaa sauti yake ipate mkalimani, somo lile lisiishie Katwe.