Kifundo cha mkono cha Jim Creighton

Ukitazama besiboli leo utamwona mrushaji akiinua goti, akipeleka mkono juu ya bega na kuvurumisha mpira kwa nguvu zake zote. Brooklyn ya mwaka 1859 ilicheza mchezo mwingine. Mrushaji alikuwa kama mwandazi: kazi yake ilikuwa kumtengea mpigaji mpira unaopigika. Uhondo ulianza gongo likishagusa mpira, walinzi wakaanza kuukimbiza.

Jim Creighton aliipindua meza hiyo. Alizaliwa Aprili 1841 na kufariki Oktoba 1862, akiwa na miaka 21. Alirusha kwa misimu michache tu, na inaaminika klabu ya Excelsior ya Brooklyn ilimlipa kwa siri, wakati chama cha mchezo kikiwa kimekataza malipo. Ndiyo maana wengi humhesabu kuwa mchezaji wa kulipwa wa kwanza wa besiboli. Lakini ujira wake tuuweke kando. La kuchambua ni mkono wake: aliwezaje kurusha kwa kasi katika mchezo uliomzuia mrushaji kuvurumisha?

Tuanze na kanuni. Mrushaji alisimama futi 45 kutoka kwa mpigaji, yaani takriban mita 13.7. Mpira ulipaswa kutolewa kwa chini, mkono ukiwa umenyooka na kuning'inia kama kamba ya bembea. Kukunja kiwiko na kuvurumisha ilikuwa kosa, na kuukwamisha mkono ubavuni ili mpira uchomoke kwa ghafla ilikuwa kosa pia. Mashabiki wa kriketi wanaujua ugomvi wa aina hii, kwani hadi leo mchezo wao unapima nyuzi za kiwiko cha mrushaji. Waamuzi wa Brooklyn nao macho yao yalikuwa kwenye kiwiko.

Wanasema sheria ni msumeno. Msumeno huu ulikuwa na pengo la jino moja: macho ya waamuzi yaliganda kwenye kiwiko, yakakisahau kifundo cha mkono. Creighton alipita hapo hapo. Mkono wake ulishuka umenyooka kama kanuni ilivyotaka, kisha katika nukta ya mwisho, kabla vidole havijauachia mpira, kifundo kilifyatuka. Aliyewahi kuchapa mjeledi anaelewa. Mpini husogea kidogo, lakini mwendo hupokezana kutoka bega hadi ncha, na kila kipande kinachofuata huenda kasi kuliko kilichotangulia. Warushaji wenzake waliishia begani. Yeye aliongeza kiungo kimoja kwenye mnyororo, na kiungo hicho kilikuwa kidogo kiasi kwamba mwamuzi aliyekikodolea macho kiwiko hakuona cha kuadhibu.

Kufyatuka huko kulizaa kitu cha pili, nacho ni mzunguko. Mpira unaozunguka huisukuma hewa upande mmoja, nayo hewa huusukuma upande wa pili. Mwanafizikia Mjerumani Heinrich Gustav Magnus alikuwa amelichunguza jambo hilo katika miaka ya 1850, akishughulikia risasi za mizinga zinazopinda njiani. Creighton hakuhitaji kusoma fizikia. Aliuachia mpira mkono ukiwa karibu na ardhi, ukapanda hadi usawa wa kiuno cha mpigaji. Mpigaji aliyezoea mpira wa kuletewa polepole kifuani sasa alilazimika kupiga kitu kinachotoka chini kwenda juu.

Kasi yake haikupimwa kwa mtambo, lakini hesabu ya umbali inatusaidia. Tuchukulie mpira unaokwenda kilomita 100 kwa saa. Kutoka mita 13.7 unamfikia mpigaji kwa takriban nusu sekunde. Mrushaji wa leo husimama mita 18.44, na ili ampe mpigaji muda uleule ni lazima arushe kilomita zipatazo 134 kwa saa. Creighton basi hakuhitaji kasi ya ajabu. Futi 45 zilikuwa zimepangwa kwa ajili ya mpira wa pole, hivyo kila alichoongeza kilimpunguzia mpigaji muda ambao tayari ulikuwa mdogo.

Hata hivyo, watu wenye mikono ya haraka walikuwapo kabla yake. Walichokosa ni shabaha. Enzi hizo mpigaji aliweza kuuacha mpira mbovu upite, na mrushaji hakuadhibiwa kwa mpigaji kuzawadiwa besi ya kwanza. Mrushaji mkali asiye na shabaha alichosha watazamaji na kumtesa mdakaji wake. Creighton aliuweka mpira alipotaka, na mara mojamoja, baada ya mipira kadhaa ya kasi, aliachia mmoja wa taratibu uliokwenda kwa upinde. Mpigaji aliyekwisha kuharakisha gongo lake alilizungusha kabla mpira haujafika. Hapo kasi na upole vilifanya kazi moja, kuvuruga saa iliyomo kichwani mwa mpigaji.

Sifa nyingine tumpe Joe Leggett, nahodha na mdakaji wa Excelsior. Alidaka mipira hiyo kwa mikono mitupu, kwa sababu glavu hazikuwa zimeingia mchezoni. Kila mpira uliomponyoka uliwapa wapinzani nafasi ya kusogea besi nyingine. Bila mdakaji wa namna hiyo, silaha ya Creighton ingeiumiza timu yake mwenyewe.

Matokeo yanasema. Julai 19, 1860, Excelsior waliwafunga Atlantic, majirani na mahasimu wao wa Brooklyn, mikimbio 23 kwa 4. Waliporudiana Agosti, Atlantic walishinda 15 kwa 14, dalili kwamba wapigaji wazuri wakipewa muda hujifunza. Mchezo wa tatu haukumalizika: Excelsior wakiongoza 8 kwa 6, vurugu za mashabiki zilimfanya Leggett awaondoe wachezaji wake uwanjani. Novemba 8 mwaka huohuo, Excelsior waliwafunga wanakriketi wa St. George 25 kwa 0. Kumzuia mpinzani asipate hata mkimbio mmoja lilikuwa jambo geni kabisa katika besiboli ya wakati huo.

Mwisho ulikuja haraka. Katika mchezo wa Oktoba 14, 1862, dhidi ya Union ya Morrisania, Creighton aliumia ndani ya mwili. Simulizi iliyozoeleka inasema aliumia alipolizungusha gongo. Siku nne baadaye alifariki, akazikwa katika makaburi ya Green-Wood, Brooklyn.

Je, alikuwa mlaghai? Wapo waliosema hivyo wakati ule, kwamba alivurumisha badala ya kurusha. Mimi sikubaliani nao. Kanuni ilitaka mkono unyooke, naye akaunyoosha. Alichovunja ni desturi, ile dhana kwamba mrushaji ni mtumishi wa mpigaji. Tazama watunga kanuni walivyojibu. Kuanzia msimu wa 1864 mwamuzi alipewa uwezo wa kumwadhibu mrushaji asiyeleta mipira ya haki, kwa kumpa mpigaji besi. Waliwadhibiti warushaji waliomfuata Creighton kwa kasi lakini wakakosa shabaha yake.

Kifundo chenyewe hawakuweza kukirudisha nyuma. Mwaka 1872, miaka kumi baada ya Creighton kuzikwa, kanuni ziliruhusu mrushaji kuufyatua mpira, mradi mkono usipite kiuno.