Uso Usiocheka: Ufundi wa Anne Kansiime

Huku Nkungu, katika vilima vya Rusizi, Rwanda, ambako Kiswahili hutujia zaidi kwa njia ya soko la Kamembe na biashara ya Bukavu kuliko kwa njia ya vitabu, watu wasiojua Kiingereza hata cha kuombea maji huangua kicheko mbele ya simu imwoneshayo Anne Kansiime, mchekeshaji wa Uganda, ilhali michezo yake aghalabu husemwa kwa Kiingereza tangu mwanzo hata mwisho. Jambo hilo hastahili kulipuuza mtu atakaye kuichambua sanaa yake, kwani yakiondolewa maneno na kicheko kikabaki, basi kilichokileta kicheko hicho ndicho ufundi wenyewe.

Alizaliwa mwaka 1986 huko Mparo, katika wilaya ya Kabale ya wakati ule, nchi ya Wakiga iliyo jirani na mpaka wa Rwanda. Akasoma Bweranyangi, kisha Makerere, alikojipatia shahada ya sayansi za jamii. Mwaka 2007 aliingia katika kundi la Theatre Factory, lililokuwa likicheza katika ukumbi wa taifa mjini Kampala, na lilipovunjika kundi hilo akawa miongoni mwa walioendelea kwa jina la Fun Factory. Wako wanaodhani kuwa alizuka intanetini pasipo mafunzo, na dhana hiyo haina msingi: utulivu ule wa mwili na ile staha ya kumwachia mwenzi amalize kauli yake hupatikana jukwaani, mbele ya hadhira iliyolipa kiingilio.

Hatua iliyompa umbo lake hasa ilikuwa Minibuzz, kipindi cha televisheni kilichorekodiwa ndani ya basi dogo la abiria, ambamo mazungumzo ya wasafiri kuhusu mambo ya siku yaliambatana na vichekesho vifupi. Hapo hapana nafasi ya utangulizi. Mtazamaji yapasa afahamu mara moja nani ni nani na ugomvi ni wa nini. Ufupi huo, uliolazimishwa na kipindi, ndio uliokuja kufaa mno alipoanza kuiweka michezo yake YouTube, na umaarufu wa huko ndio uliowavuta Citizen TV ya Kenya wampe kipindi chake mwenyewe, Don't Mess With Kansiime. Kufikia Novemba 2014 michezo yake katika mtandao huo ilikwisha kutazamwa zaidi ya mara milioni 15.

Natuitazame sasa kazi yenyewe. Tuseme mteja ameambiwa dukani kuwa bidhaa iliyokwisha kununuliwa hairudishwi. Mwigizaji mchanga angepandisha sauti papo hapo, akidhani kelele ndiyo kichekesho. Kansiime kwa kaida yake huanza kwa adabu. Hukubali aliyoambiwa, kisha hulichagua neno moja katika maneno ya mwenziwe, akalishika kama wakili ashikavyo kifungu cha sheria, na juu yake akajenga mantiki iliyopinda ambayo kila ngazi yake, ikitazamwa peke yake, yaonekana imenyooka. Kabla ya kila hoja huweka kimya kidogo, macho yakimganda mpinzani, kidevu kikiinuka, kinywa kisitikisike. Na ni katika kimya hicho, kabla ya neno, ndipo watu wa Nkungu hucheka. Mwenzi wake naye hana budi awe mpole na mwenye haki yote upande wake, maana lau angekuwa mkosefu kweli, tungeona mtu akidai haki yake tu, na kichekesho kingetoweka. Ghadhabu hufika, naam, bali hufika ikiwa imechelewa, na mara ifikapo mchezo hukatwa, bila suluhu wala maelezo.

Dhati ya hila hii si mali ya Afrika ya Mashariki peke yake. Ujerumani alikuwako mwigizaji Evelyn Hamann, aliyezaliwa Hamburg mwaka 1942 na kufariki mwaka 2007, ambaye katika mfululizo wa mchekeshaji Loriot, uliorushwa na Radio Bremen kati ya 1976 na 1978, aliigiza mtangazaji aliyepaswa kuwaeleza watazamaji tamthilia ya Kiingereza iliyojaa majina ya kuutatanisha ulimi. Ulimi ulizidi kumsaliti, ilhali uso wake uliendelea kushikilia heshima ya kazi, bighairi ya tabasamu lolote la kumwomba mtazamaji radhi. Wote wawili wamefahamu kwamba mchekeshaji akicheka mwenyewe amemnyang'anya mtazamaji kazi yake. Tofauti ni kwamba Hamann alianguka polepole akijaribu kutoanguka, na Kansiime huwaangusha wenzake akiamini kwa moyo safi kuwa ndiye mwonewa.

Lafudhi yake pia ina hesabu. Kiingereza kilimfungulia Nairobi na Lagos, walakini alikisema kwa mdundo wa Kikiga, bila kujitia Uzungu, hata msikilizaji wa mbali akamtambua mwanamke wa milimani aliyekuja mjini akakataa kubadilika. Sisi tulio jirani tunamtambua kwa wepesi zaidi, kwa namna anavyosimama na anavyouliza swali asilotaka jibu lake.

Kasoro hazikosekani. Mtu akitazama michezo mingi mfululizo ataona mwanamume ni yule yule mnyonge na ushindi ni ule ule, na mshangao hupungua kadiri desturi inavyojulikana. Tena, alipoanza kusimama peke yake katika kumbi kubwa, hakuwa na mpinzani wa kumkodolea macho, na mtazamaji wa safu ya nyuma hakuweza kuyaona macho hayo, ikabidi maneno yabebe mzigo ambao zamani uso ndio ulioubeba. Ni msemaji hodari, sikatai. Lakini wasemaji hodari wako wengi Kampala na Nairobi, na kwa hukumu yangu michezo ile mifupi iliyochezwa na watu wawili watatu inazishinda hotuba zake zote za ukumbini.